Rafu ya Jina Moja

Jumatatu, 4 Machi

Mvua imeanza, na paa la maktaba limeanza nayo. Linavuja palepale pa mwaka jana, juu ya rafu za historia, halafu limejiongezea sehemu mpya karibu na meza ya wasomaji. Mkuu wa maktaba amesema fundi atakuja. Huyo fundi nimemsikia tangu niajiriwe, sura yake siijui. Nimefunika historia kwa nailoni, nikatafuta vyombo vya kukingia maji: ndoo ya mfagizi, karai, sufuria ya chai ya ofisini na kopo la rangi lililosahauliwa stoo.

Mzee Mwavuli naye amerudi. Jina hilo nilimpa mimi, kwa sababu ana mwavuli mweusi uliovunjika mbavu mbili, haufungiki, na hakubali kuuacha mlangoni kama watu wengine. Huwa anakaa dirishani na kusoma gazeti la juzi. Leo aliliweka gazeti kando akaanza kuhamisha vyombo vyangu. Karai akalipeleka penye ndoo, ndoo akaileta penye karai, na kopo akaliweka peke yake kule pembeni ambako tone linachelewa kuanguka. Nikamuuliza pale vilipokuwa vilikosa nini. Akasema, "Vilikuwa vinapiga kelele tu, mwanangu." Nikamwacha. Si kazi yangu kugombana na wastaafu.

Jumanne, 5 Machi

Nimemwaga maji kutwa nzima. Mzee kapanga vyombo upya.

Jumatatu, 11 Machi

Leo Mkuu ametuita ofisini, yaani mimi na mfagizi, maana wafanyakazi wengine hatuna. Mwezi ujao tutafanya maonyesho ya vitabu vya yule mwandishi mkubwa aliyezaliwa mji huu, marehemu sasa, ambaye kila mwanafunzi amelazimishwa kumsoma. Wageni watatoka wizarani, na gazeti litakuja. "Tukipendeza," alisema Mkuu, "paa tunapewa." Mfagizi akaangalia dari kana kwamba imeshatengenezwa.

Kazi ya kukusanya vitabu ni yangu. Nimekwenda kwenye rafu nikashusha kila kilichoandikwa jina lake. Kwa mujibu wa maktaba yetu, bwana huyo alitunga riwaya sita na tamthilia moja, akafundisha ufugaji wa kuku wa mayai, akaeleza namna ya kumhudumia mtu aliyeumwa na nyoka, na katikati ya hayo yote akapata nafasi ya kuandika kitabu chembamba cha hadithi za watoto, chenye jalada la kijani. Nilicheka peke yangu hadi mfagizi akaja kuona kuna nini. Kwetu jina likiwa moja, mtu ni mmoja. Ndivyo waliotangulia walivyopanga, na mimi nikaendelea.

Alhamisi, 14 Machi

Mzee Mwavuli amekuja mezani kwangu, kitu ambacho huwa hafanyi.

"Mwanangu, kile cha kijani," alisema, "si cha yule bwana."

"Ni cha nani, mzee?"

"Changu."

Nikamtazama. Alikuwa hatanii. Nikamwomba kadi yake ya uanachama, na kweli: majina yote matatu, la kwake, la baba na la babu, ni yale yale ya mwandishi mkubwa. Miaka yote hii nimemwita Mzee Mwavuli na sikuwahi kusoma kadi yake.

"Yule ni somo yangu, wa jina moja nami," alisema. "Sijawahi kuonana naye, lakini amenitafutia marafiki wengi. Zamani watu walikuwa wananiandikia barua wakidhani ni yeye. Wasichana hasa. Nawajibu kwa adabu: asante kwa barua yako nzuri, lakini si mimi, ni somo yangu. Wengine waliendelea kuniandikia hivyo hivyo."

Nilicheka, naye akacheka. Halafu akasema lililomleta. Ana binti mmoja, anafanya kazi mji wa mbali, na mvua zikipungua atakuja kumchukua akaishi naye. Kitabu kile alimwandikia yeye alipokuwa mdogo. Nakala yao ililowa ikaoza kabla mtoto hajajua kusoma, na kiwanda kilichokichapa kilishafungwa. Mama wa mtoto, marehemu, alikuwa akisema mume wake ana maneno mengi. "Basi binti yangu amekua akijua baba yake ana maneno mengi. Nikimwambia niliandika kitabu, ananiambia sawa baba, kunywa chai."

"Si umwazimie tu, umwonyeshe?"

"Nikimwonyesha mimi atasema ni cha yule. Jina ni hilo hilo. Maktaba ikisema ndiyo ataamini. Sitaki makubwa, mwanangu. Kitoe kwenye rafu yake, ukipe mahali pake, uandike kadi kwamba huyu ni mwingine. Aje akione mara moja, basi."

Nikamwambia nitaangalia. Kesho.

Jumatano, 20 Machi

Mvua. Mzee kauliza. Nimesema kesho.

Ijumaa, 22 Machi

Kauliza tena, na kwa upole uleule, jambo linaloudhi kuliko angefoka. Jioni nilimsimulia mama. Tunaishi wawili, kwa hiyo yeye ndiye mahakama yangu ya rufaa.

"Mpe hiyo kadi," alisema. "Kadi yenyewe si kipande cha karatasi?"

"Mama, kazi yetu ina utaratibu. Lazima kuwe na ushahidi. Kila mtu mwenye jina la mtu maarufu akija kudai kitabu itakuwaje?"

"Wamekuja wangapi?"

Nikamwambia chakula kinapoa.

Jumatano, 27 Machi

Nimemfikishia Mkuu suala la kitabu cha kijani. Alikuwa anachagua vitambaa vya meza. Akaniuliza ushahidi uko wapi, swali lile lile nililomuuliza mama, na nikaliona lina akili sana likitoka kinywani kwa mtu mwenye ofisi. "Kitabu cha ujana wa mwandishi," akasema, "hakuna maktaba nyingine itakayokuwa nacho. Hicho ndicho kitawaleta watu wa gazeti. Kuku na nyoka toa."

"Tunajuaje kuku si wake?"

"Inaonekana tu. Kuku hawana hadhi hiyo."

Nikacheka naye. Nimerudisha kuku na nyoka stoo bila kudai ushahidi wowote.

Jumatatu, 1 Aprili

Mvua kutwa. Sijamwona Mkuu, sijamwona fundi. Mzee kauliza, nikajifanya hamnazo.

Ijumaa, 5 Aprili

Leo nimeandika maelezo ya kabati la kioo, na niseme ukweli, nimejipenda. Cha kijani nimekiandikia hivi: "Katika kazi hii adimu ya ujana wake, tayari tunausikia mdundo utakaokuja kuvuma katika riwaya zake kuu." Mkuu alisoma mara mbili akaniambia nimepotea njia, nilipaswa kuwa chuo kikuu. Nimetembea nyumbani kwenye matope bila kuyaona.

Kitabu chenyewe nimesoma kurasa mbili za mwanzo. Nilikuwa na haraka.

Ijumaa, 12 Aprili

Mzee hajaonekana siku kadhaa, mfagizi anasema ana mafua. Vyombo nimevipanga mwenyewe, navyo vimenipigia makelele hadi kichwa kikauma. Kila kimoja kinapiga lake.

Jumatano, 17 Aprili

Ninaandika haya nikiwa bado mezani kwangu maktabani, kabla ya kufunga, maana nikifika nyumbani mama ataniuliza nina nini.

Mchana nilikaa nikakisoma cha kijani chote. Nilitaka tu kuhakikisha mgeni akiniuliza nisiumbuke. Hadithi ya nne inahusu mtoto wa kike anayeogopa mvua. Nyumba yao inavuja, na kila tone likigonga sakafu yeye analia. Baba yake anakwenda jikoni, anarudi na vyombo. Ndoo anaiweka mlangoni, penye maji mengi, kwa sababu ina sauti nzito. Karai linakaa katikati. Sufuria karibu na dirisha. Kopo analipeleka peke yake pembeni, chini ya tone linalochelewa, "ili lisubiriwe." Kisha anamwambia mtoto asikilize. Mvua inapiga ngoma yenye mpangilio, na kila mara mtoto anangoja kopo, na kopo linajibu, na kwa kungoja huko anapitiwa na usingizi.

Nikainua macho. Ndoo mlangoni. Karai katikati. Sufuria dirishani. Mzee alikuwa amerudi leo asubuhi, bado anakohoa, na kabla ya kukaa alikuwa amevipanga vyote. Kule pembeni kopo likalia, tang, likanyamaza.

Sikuhitaji ushahidi mwingine. Mwandishi mkubwa hakuwahi kukanyaga hapa mvua ikinyesha, akapanga ndoo zetu. Nilihisi aibu imenipanda hadi masikioni. Mwezi mzima na zaidi mtu huyu alikuwa ananionyesha ushahidi kila asubuhi, mbele ya macho yangu, nami namwona mtu asiye na kazi.

Nikachukua kitabu nikaenda mbio kwa Mkuu. Nilimsomea ukurasa ule kwa sauti. Alisikiliza, sitamsingizia. Akavua miwani.

"Nakuamini," alisema. "Lakini gazeti limeshatangaza kitabu cha ujana wake. Wizarani wameshaambiwa. Tukianza kusema tulikosea, hapo ndipo paa letu litakwenda na maji. Maonyesho yapite. Wiki mbili. Halafu mpe mzee wako kadi yake."

Wiki mbili. Binti anakuja mvua zikipungua, na mvua bado. Nilihesabia hivyo nikakubali. Sikukubali kwa shingo upande, afadhali niandike ukweli humu. Nilikubali kwa moyo mweupe, kwa sababu maelezo yangu yangebaki ndani ya kioo wageni wayaone.

Alhamisi, 18 Aprili

Nilikuwa na nafasi ya kumwambia: mzee, nimekisoma, najua. Maneno matatu. Kila aliponyanyuka nilipata kazi nyuma ya rafu.

Jumamosi, 20 Aprili

Nataka kuandika kila kitu kama kilivyokuwa.

Mkuu alikuja mapema na vitambaa vyake. Mvua ilikuwa ya rasharasha, lakini paa halijui rasharasha. Akasema sauti za vyombo ni aibu mbele ya wageni, akamwamrisha mfagizi atie matambara ndani ili matone yasisikike. Basi wageni wakaingia katika chumba kimya. Mgeni rasmi alikuwa mtu mnene mpole, akasimama mbele ya kabati la kioo muda mrefu, akayasoma maelezo yangu kwa sauti, na Mkuu akaninyooshea kidole: huyu hapa ndiye aliyeandika. Mpiga picha akanipiga picha.

Hapo ndipo Mzee Mwavuli alipoingia. Alikuwa amevaa koti, na mwavuli ameuacha mlangoni, mara ya kwanza tangu nimfahamu. Alimshika mkono mwanamke wa makamo mwenye begi la safari begani. Binti alikuwa amewahi.

"Huyu ndiye dada wa maktaba niliyekuambia," alimwambia. Kwa fahari kabisa. Nilimwambia kesho mara nyingi mno, naye kila mara aliamini ni kesho kweli.

Akaenda kwanza kwenye rafu, akapitisha kidole kwenye migongo ya vitabu, taratibu, akitafuta mahali pake. Hakupaona. Kisha binti akakiona kitabu ndani ya kioo, akainama, akasoma. Nilimsikia akiyatamka maneno yangu yote, kazi adimu, mdundo, riwaya kuu. Yalikuwa yananichoma moja moja.

"Baba," alisema polepole, "kumbe ni hiki? Lakini hiki ni cha yule mwandishi."

"Muulize dada."

Akageuka kwangu. Hakuwa mtu mbaya, alikuwa amechoka na safari. "Dada, eti ni kweli? Baba anasema kitabu hiki ni chake."

Mgeni rasmi alikuwa karibu kiasi cha kunigusa bega. Mkuu alinitupia jicho. Mzee hakunitazama kwa kuomba, afadhali angefanya hivyo. Alinitazama kama mtu anayengoja jambo ambalo lina uhakika wa kuja, limechelewa tu.

Nikasema, "Suala hilo tunalifanyia kazi."

Ndiyo. Maneno hayo. Yale tunayomwambia mtu aliyepoteza kadi.

Binti aliyaelewa kama ambavyo mtu yeyote angeyaelewa, kwamba ninamstahi mzee wa watu. Akatabasamu kunishukuru. Akanisogelea akasema chini, "Asante kwa kumvumilia, dada. Najua amekusumbua sana. Ni umri tu, na hilo jina."

"Hajanisumbua," nikasema. Hilo ndilo neno la kweli pekee nililotoa leo, na halikumsaidia chochote.

Mzee alikuwa anaangalia pembeni, penye kopo. Akaliinamia, akaona tambara ndani.

"Mmeliziba," alisema.

Binti akamshika mkono, akamwambia, twende baba, ukanywe chai. Wakatoka. Nilibaki nimesimama na uso wa kupigwa picha.

Jumatatu, 22 Aprili

Paa limeidhinishwa. Gazeti limenukuu sentensi yangu neno kwa neno. Mama ameisoma, akauliza, "Yule mzee anasemaje?" Nikalia mbele yake kama mtoto. Hakunisema. Ningependa angenisema.

Jumatano, 24 Aprili

Hakuja. Nimetoa matambara.

Jumatatu, 29 Aprili

Hakuja.

Ijumaa, 3 Mei

Maonyesho yamefungwa. Nimekwenda kwa Mkuu nimejiandaa kwa vita, maneno nimeyapanga njia nzima. Nikasema nataka kitabu cha kijani kipewe mahali pake na mwandishi wake. Mkuu akasema, "Fanya." Hakuinua hata kichwa kutoka kwenye chai. Imechukua muda wa kuandika kadi moja. Nimeiandika, nikaikausha kwa kuipuliza, nikakaa nayo mkononi. Nilitamani angekataa. Angekataa ningekuwa na mtu wa kumlaumu.

Jumatano, 8 Mei

Nimekwenda alikokuwa anaishi. Chumba cha mbele kina fundi cherehani, cha nyuma kitupu, kimefagiliwa. Wameondoka siku ya pili baada ya maonyesho. Mwavuli upo kwa fundi, kautundika juu ya mashine kukinga maji yanayopenya ukutani.

"Aliniachia," alisema fundi. "Nikamwambia mzee, huko uendako hakuna mvua? Akasema huko nyumba haivuji."

Akanipa namba ya binti. Nikampigia palepale barazani, kabla moyo haujabadilika. Nilieleza yote bila kujikosha: kwamba kitabu ni cha baba yake, kwamba nilijua siku ile, kwamba nilinyamaza.

"Dada," alisema nilipomaliza, "baba siku hizi hasemi kitu kuhusu kitabu. Ametulia. Tusimchokoze."

Nikamwomba anwani tu.

Jumatatu, 13 Mei

Nimejiazimisha kitabu kwa jina langu, nikakifunga vizuri, nikakituma kwa posta pamoja na ile kadi mpya na barua ya kumwomba radhi mzee. Barua niliiandika na kuichana mara nyingi. Iliyobaki ni fupi. Nimemwambia kwamba hadithi ya nne ni nzuri kuliko riwaya zote sita, na hayo si maneno ya kumbembeleza, ndivyo ninavyoona.

Ijumaa, 17 Mei

Mafundi wako juu ya paa. Kumbe wapo kweli. Nyundo kutwa.

Jumanne, 21 Mei

Binti amepiga simu. Sauti yake ilikuwa nyingine.

"Nimekisoma," alisema. "Sikumwonyesha kwanza, nilikisoma jikoni nimesimama. Nilipofika kwenye vyombo, dada, nililikumbuka kopo. Nilikuwa nalisubiri. Nilidhani ni ndoto ya utotoni."

Nikavuta kiti nikakaa.

"Nikaenda kwake nacho. Nikamwambia baba, ni mimi huyu. Ni wewe uliyeandika, nimekumbuka. Akakishika, akakigeuza nyuma na mbele. Akaniambia, hapana mwanangu, si changu, ni cha yule bwana. Mimi nina maneno mengi tu."

"Ametania."

"Hatanii. Nimemwomba, nimemlilia, nimemwonyesha kadi yako. Anasema dada wa maktaba ana huruma sana, ndiyo maana ameandika vile. Anasema kirudishwe, wasomaji watakitafuta. Miaka yote alikuwa ananiambia na mimi simwamini. Sasa mimi namwambia."



Jumatatu, 27 Mei

Mvua kubwa leo, huenda ni ya mwisho. Paa jipya halijapitisha hata tone. Wasomaji wanasema maktaba imekuwa pahali pa kusomea sasa. Ndoo amechukua mfagizi, sufuria imerudi kwenye chai.

Kifurushi kimefika saa ya mapumziko. Kitabu, kadi niliyoiandika, na barua kwa mwandiko wa zamani, wa kulala, uliopangwa vizuri mstarini. Nainakili hapa yote, si ndefu.

"Kwa Dada wa Maktaba. Asante kwa barua yako nzuri. Imenifurahisha kwamba hadithi ile ilikugusa. Ningependa sana niwe ndiye uliyemkusudia, lakini kwa bahati mbaya si mimi, ni somo yangu. Nakutakia kazi njema."

Chini ametia sahihi, majina yote matatu.